Sheria ya Baraza na Sheria ya Kitabu

Kirumba ni mtaa wa mji wa Mwanza, upande wa kaskazini, kandokando ya Ziwa Viktoria. Mwaloni mwake hushushwa dagaa na samaki wakavu kutoka visiwani, nao hununuliwa na wachuuzi wa mikoa ya mbali na wa nchi jirani. Kwa sababu ya biashara hiyo, wakazi wa Kirumba ni wa makabila mengi. Wasukuma ndio wenyeji wa bara ile, lakini pamoja nao wamo Wakerewe, Wakara, Wajita, Wazinza, Wahaya, Wakurya na Wajaluo. Na aghalabu mke na mume wa nyumba moja hawakuzaliwa katika kabila moja.

Na uchukuliwe mfano wa kubuni. Mwanamke Mhaya ameolewa na Msukuma. Wamekaa Kirumba miaka ishirini. Wamejenga nyumba ya vyumba vinne. Wamenunua mtumbwi na nyavu. Mume afariki. Ndugu zake waja kutoka Kwimba, na baada ya matanga wadai nyumba na mtumbwi kuwa mali ya ukoo. Mjane aenda Mahakama ya Mwanzo. Je, hakimu ashike sheria ya nani? Ya Wasukuma au ya Wahaya? Na akisha kuchagua, ataijuaje sheria hiyo, ikiwa yeye mwenyewe amezaliwa Songea au Tanga?

Hakimu akitaka kujua, hufungua kitabu. Lakini kitabu hicho hakikushuka kutoka mbinguni. Kina mtu aliyekiandika, kina watu walioulizwa na watu wasioulizwa, na kina wakati wake. Habari ya vitabu vya sheria katika nchi za Ziwa ni habari ya jinsi maneno yaliyosemwa barazani yalivyogeuka kuwa amri iliyoandikwa, na jinsi amri hiyo ilivyowafikia watu ambao hawakuwapo barazani. Jambo kama hili limepata kutokea mahali pengine duniani, hasa Marekani, na vitabu vya historia ya sheria ya nchi ile vyaweza kumulika habari za Mwanza kuliko mtu awezavyo kudhani.

Kabla ya utawala wa kigeni sheria za Usukuma hazikuwa na kitabu. Mashauri yalisikilizwa mbele ya mtemi au mwanangwa, na wazee, waitwao banamhala, walikaa kuyapima. Mzee alikumbuka shauri la miaka iliyopita, akalilinganisha na lililo mbele yake, mwingine akambishia, mwisho likatoka neno ambalo wadai wote wawili waweza kwenda nalo nyumbani. Sheria ilikuwapo, wala isidhaniwe kuwa kila baraza lilijitungia tu. Lakini ilikuwa sheria yenye kupinda kama mti wa upinde: ilishika umbo lake, nayo ilikubali kuvutwa.

Waingereza walipoitawala Tanganyika baada ya Vita Kuu ya Kwanza, Gavana Donald Cameron, aliyeshika cheo hicho tangu 1925 hata 1931, alieneza utaratibu wa kutawala kwa mikono ya watemi. Sheria ya mwaka 1926 iliyathibitisha mamlaka yao, na sheria ya mwaka 1929 iliziondoa mahakama zao katika uangalizi wa Mahakama Kuu. Tangu hapo rufani zilikwenda kwa Bwana Shauri, kisha kwa mkuu wa jimbo, na mwisho kwa Gavana mwenyewe. Hivyo mtu aliyeshindwa shauri la ng'ombe za mahari barazani kwa mtemi aliweza kukata rufani kwa Mwingereza aliyefika wilayani mwaka jana na ambaye angehamishwa mwaka ujao. Mwingereza huyo hakujua Kisukuma, wala hakuwa na muda wa kukaa na wazee mpaka ayajue waliyoyajua. Alihitaji kitabu.

Mtu aliyempatia kitabu hicho alikuwa Hans Cory. Alizaliwa Vienna kwa jina la Hans Koritschoner, akaishi Tanganyika miaka mingi, akawa mtaalamu wa serikali wa mambo ya jamii. Mwaka 1945, pamoja na M. M. Hartnoll, alitoa kitabu cha sheria za mila za Wahaya. Mwaka 1951 alitoa kitabu cha ibada za utemi wa Wasukuma, na mwaka 1953 kikafuata kitabu chake kikubwa juu ya sheria na desturi za Wasukuma. Mwaka uliofuata akaandika juu ya utaratibu wao wa utawala. Ni watu wachache waliopata kuandika juu ya Kanda ya Ziwa kwa bidii kama yake, na makaratasi yake yaliyohifadhiwa katika maktaba ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam yangali yakisomwa na wanahistoria.

Kazi yake ilifuata njia moja. Watemi na wazee walikusanywa. Waliulizwa juu ya uchumba, mahari, talaka, watoto, urithi, ardhi na mifugo. Majibu yao yakapangwa katika aya zenye namba. Kwa namna hii Bwana Shauri aliyeketi ofisini aliweza kutafuta namba ya aya, akaisoma, akakata rufani iliyo mbele yake. Faida yake yaonekana. Hakimu mlaji rushwa hakuweza tena kuzua mila asubuhi na kuisahau jioni. Mtu maskini aliyedhulumiwa na mwanangwa aliweza kuonyesha kwamba sheria yasema vingine. Yeyote amlaumuye Cory bila kwanza kuitaja faida hiyo hamtendei haki.

Hata hivyo njia hiyo ilikuwa na kasoro tatu. Kwanza, mzee aulizwapo sheria pasipo shauri mbele yake, hujibu ipasavyo kuwa, wala si jinsi mambo yanavyokuwa. Akiulizwa kama binti hurithi, atasema hapana. Lakini huenda mwezi uliopita yeye mwenyewe alikaa barazani akakubali binti fulani aachiwe shamba, kwa kuwa ndiye aliyemtunza baba yake katika ugonjwa. Pili, waliokuwa wakubwa wa mabaraza yale walikuwa wanaume, na wenye umri, na wenye ng'ombe. Jambo walilolieleza kuwa ni mila lilikuwa mila kama ionekanavyo kutoka kiti cha mwenye mali. Tatu, kitabu kiliandikwa kwa Kiingereza. Watu walioishi chini ya sheria ile hawakuweza kukisoma, seuze kukisahihisha.

Hapa yafaa kuvuka bahari kutazama Marekani. Kati ya mwaka 1765 na 1769 mwanasheria Mwingereza William Blackstone alitoa vitabu vinne vya maelezo juu ya sheria za Uingereza. Katika makoloni ya Marekani vitabu vile vilipata wasomaji wengi mno; mchapaji Robert Bell wa Philadelphia alivitoa upya huko mwaka 1771 na 1772. Sababu yake yafanana na sababu ya Cory kusomwa Mwanza. Marekani ilikuwa nchi pana, vyuo vya sheria havikuwapo, mahakimu wengi hawakuwa wanasheria, na maktaba zilikuwa chache. Mtu mwenye vitabu vinne katika mkoba wa farasi aliweza kuwa wakili. Abraham Lincoln mwenyewe, kabla hajawa Rais, alijifunza sheria kwa kuvisoma pasipo mwalimu.

Lakini pamoja na mema yake, Blackstone alibeba kanuni moja iliyowaumiza watu wengi. Alieleza kwamba mwanamke akisha kuolewa, nafsi yake katika sheria humezwa na nafsi ya mumewe. Kwa kanuni hiyo mke hakuweza kufanya mkataba kwa jina lake. Vyombo na fedha zake zilikuwa za mume. Na ardhi aliyokuja nayo ilisimamiwa na mume. Kule Uingereza matajiri walikwisha kupata njia za kuikwepa kanuni hiyo kwa mahakama nyingine na kwa amana zilizowekwa kwa ajili ya mabinti zao. Kitabu kilipovuka bahari, kanuni ilisafiri vyema kuliko njia za kuikwepa. Hivyo mwanamke wa mashambani nchini Marekani alifungwa na aya iliyoandikwa na mtu ambaye hakupata kuiona nchi yake.

Wamarekani hawakukaa kimya. Mwaka 1803 jaji St. George Tucker wa Virginia alitoa toleo la Blackstone lenye maelezo yake mwenyewe, akionyesha wapi sheria za jamhuri mpya zimeachana na za mfalme. Mwaka 1839 jimbo la Mississippi lilitunga sheria ya kwanza ya kumruhusu mke kumiliki mali yake, ingawa sheria hiyo ilikuwa na shabaha mbovu pia, maana sehemu kubwa yake ilihusu umiliki wa watumwa. Mwaka 1848 jimbo la New York lilitunga yake, na majimbo mengine yakafuata moja baada ya jingine. Zaidi ya miaka 60 ilipita tangu kitabu kuchapishwa Philadelphia hata kanuni ile ianze kung'olewa. Kitabu kikisha kuaminiwa, maneno yake huishi kupita sababu zake.

Karne ya 20 iliwaletea Wamarekani shida nyingine. Kila jimbo lilikuwa na mahakama zake, na hukumu zilizochapishwa zilikuwa nyingi hata wakili hakuweza kuzisoma zote. Mwaka 1923 majaji, mawakili na wataalamu waliunda taasisi ya sheria ya Marekani, ili kanuni za majimbo mbalimbali zikusanywe na kuelezwa upya kwa ufupi na kwa mpango. Kitabu cha kwanza, kilichohusu mikataba, kilitoka mwaka 1932. Vitabu hivyo havikuwa sheria kwa nguvu zao wenyewe. Jaji aliweza kuvifuata au kuviacha, akieleza sababu zake.

Jina la kazi ile lilifika Afrika. Mwaka 1959, Antony Allott na wenzake wa chuo cha masomo ya Asia na Afrika cha London walianza mradi wa kuzieleza upya sheria za Kiafrika, na mfano waliouchukua ni ule wa Marekani. Kwa upande wa Kenya, Eugene Cotran alitoa kitabu cha sheria za ndoa mwaka 1968 na cha sheria za urithi mwaka 1969. Navyo vilikuwa mwongozo wa mahakimu tu. Havikutangazwa kuwa amri.

Pamoja na hayo kulikuwako Wamarekani waliodai kwamba hata kueleza upya hakutoshi. Karl Llewellyn, mwanasheria, na E. Adamson Hoebel, mtaalamu wa mila za watu, walikwenda kwa Wacheyenne, watu wa asili wa nyika za Marekani, na mwaka 1941 wakatoa kitabu juu ya sheria zao. Badala ya kuwauliza wazee kanuni ni ipi, waliwauliza juu ya magomvi: nani aligombana na nani, nani aliamua, na nini kilifuata. Walishika kwamba sheria ya watu huonekana mahali inapojaribiwa, yaani katika shauri lenyewe, na kwamba kanuni iliyosemwa bila shauri yaweza kuwa pambo tu. Mafunzo haya hayakuwa mageni Dar es Salaam. Kitivo cha Sheria kilipofunguliwa huko mwaka 1961, mmoja wa walimu wake wa miaka ya mwanzo alikuwa William Twining, ambaye baadaye aliandika kitabu kikubwa juu ya Llewellyn, na ambaye mihadhara yake ya Chicago juu ya nafasi ya sheria za mila katika Afrika ya Mashariki ilichapishwa mwaka 1964.

Lakini serikali ya Tanganyika huru haikuwa na subira ya wataalamu. Ilikuwa na taifa la kujenga kutoka makabila zaidi ya mia moja, na mahakama zilizogawanyika kwa rangi na kabila zilikuwa aibu ya zamani. Mwaka 1963 utemi ulifutwa. Mwaka huohuo Bunge lilipitisha sheria ya mahakama za mahakimu, na mwaka 1964 Mahakama ya Mwanzo, Mahakama ya Wilaya na Mahakama Kuu zikawa ngazi moja kwa watu wote. Jambo hili lilikuwa ushindi mkubwa. Mvuvi wa Kirumba aliyeanza shauri lake mbele ya hakimu wa mwanzo aliweza sasa kulifikisha mbele ya jaji, pasipo kupita kwa Bwana Shauri.

Basi, mahakama zikiwa moja, ilionekana kwamba na mila ziwe moja. Cory alianza kazi hiyo ya kuziunganisha sheria za mila mwaka 1961, lakini alifariki mwaka 1962, na wengine wakaimaliza. Mwaka 1963 zilitoka amri za kutangaza sheria za mila za makabila yenye kufuata ukoo wa baba: moja ilihusu mahari, ndoa, talaka na hali ya watoto, ya pili ilihusu ulinzi wa watoto, urithi na wosia. Zilitumika wilaya kwa wilaya, kadiri zilivyokubaliwa na halmashauri. Hapo Tanganyika iliachana na njia ya Kenya. Kanuni zilizokuwa maelezo ya mtaalamu zilipata sasa muhuri wa serikali.

Juu ya urithi, amri hiyo iliwapanga warithi katika daraja tatu. Daraja la kwanza ni la mwana mkubwa wa kiume wa nyumba kubwa. La pili ni la wana wengine wa kiume. La tatu ni la mabinti. Mwanamke aliruhusiwa kuitumia ardhi ya ukoo maisha yake yote, lakini asiiuze. Mjane hakupewa fungu endapo mume ameacha jamaa wa ukoo wake. Fungu lake lilikuwa kutunzwa na watoto wake. Msomaji na arudi kwa yule mjane wa Kirumba aliyetajwa mwanzo. Akiwa hana mtoto, amri hiyo yamwambia nini? Na mtumbwi ulionunuliwa kwa faida ya dagaa alizozianika yeye mwenyewe, juani, katika mchanga wa Mwaloni, umekuwaje mali ya ukoo wa Kwimba?

Jibu la kwanza lenye nguvu lilitoka Mwanza, katika Mahakama Kuu, mwaka 1990. Mwanamke mmoja wa Kihaya alirithi ardhi ya ukoo kutoka kwa baba yake kwa wosia ulio halali. Alipoona kwamba amezeeka wala hana wa kumtunza, aliiuza mwezi Agosti 1988 kwa mtu asiye wa ukoo, kwa shilingi 300,000. Mwana wa ndugu yake akafungua shauri katika Mahakama ya Mwanzo wilayani Muleba, akidai kwamba mwanamke hana mamlaka ya kuuza ardhi ya ukoo. Mahakama hiyo ilimkubalia, ikaubatilisha uuzaji na kumwamuru bibi yule arudishe fedha. Mahakama ya Wilaya ilikataa. Ikasema kwamba haki za binadamu zilizotiwa katika Katiba zimewapa wanawake haki sawa na wanaume. Shauri likapanda Mwanza, mbele ya Jaji James Mwalusanya.

Jaji hakukana kwamba mila iko kama ilivyoandikwa. Aliikubali kuwa ndiyo sheria iliyotangazwa mwaka 1963. Kisha akauliza kama sheria hiyo yaweza kusimama mbele ya Katiba. Haki za msingi zilikuwa zimeingizwa katika Katiba ya Tanzania mwaka 1984, na tangu mwaka 1988 mahakama ziliruhusiwa kuzitekeleza. Sheria iliyozileta ilizitaka mahakama zizisome sheria za zamani kwa mabadiliko yatakiwayo ili zilingane na Katiba. Kadhalika Tanzania ilikuwa imeridhia mkataba wa kimataifa wa kuondoa ubaguzi dhidi ya wanawake. Kwa hoja hizo aliamua kwamba mwanamke ana mamlaka ya kuuza kwa masharti yaleyale aliyo nayo mwanamume. Na kwa kuwa mwanamume auzapo ardhi ya ukoo bila ridhaa, ndugu zake waweza kuikomboa kwa kulipa bei yake, basi mwana wa ndugu naye alipewa miezi 6 ya kuikomboa kwa shilingi 300,000. Asipolipa, ardhi ni ya mnunuzi.

Uzuri wa hukumu hii ni kwamba haikuupuuza ukoo. Iliuambia: kama ardhi hii ni kipenzi chenu, ilipieni, na bibi kizee apate chakula chake. Wazee wa baraza la kale wangaliitambua hukumu ya namna hiyo, maana huangalia tumbo la mtu pamoja na kanuni. Yaonekana hapa kwamba jaji aliyetumia Katiba, jambo ambalo wengi waliliona la kigeni, alikuwa karibu na desturi ya baraza kuliko kitabu kilichodai kuihifadhi desturi hiyo.

Jaji huyohuyo, mwaka 1994, alitamka katika shauri la mauaji kwamba adhabu ya kifo yapingana na Katiba. Mwaka 1995 Mahakama ya Rufani ililitengua tamko hilo, lakini mwaka huohuo Mahakama ya Katiba ya Afrika Kusini ilipoifuta adhabu ya kifo ilizitazama hukumu za Tanzania pamoja na za Marekani na za India. Hivyo hoja zilizotungwa katika vyumba vya mahakama vya nchi maskini ziliwekwa katika rafu moja na zile za mataifa makubwa.

Lau kisa kingeishia mwaka 1990, kingekuwa chema mno. Hakikuishia hapo. Sheria ya Ndoa ya 1971 ilikwisha kusema kwamba mwanamke aliyeolewa ana haki sawa na mwanamume ya kupata, kushika na kuuza mali; na Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999 ilibatilisha mila yoyote inayomnyima mwanamke haki ya kumiliki ardhi. Lakini kanuni za urithi za 1963 zilibaki vitabuni. Wajane wawili wa Shinyanga, Wasukuma, waliofiwa na waume zao na kutakiwa na jamaa za waume waondoke katika nyumba walizoishi, waliiomba Mahakama Kuu izitamke kanuni hizo kuwa zavunja Katiba. Mwaka 2006 mahakama ilikiri kwamba kanuni zabagua, lakini ikakataa kuzifuta. Ilihofu kwamba ikifungua mlango huo, mila za makabila yote zitaletwa kupingwa, na ikaona kwamba mila haibadiliki kwa tamko la jaji. Mwaka 2010 Mahakama ya Rufani iliitupa rufani yao kwa kasoro ya tarehe katika hati. Mwaka 2015 Kamati ya Umoja wa Mataifa inayosimamia mkataba ule wa wanawake iliamua kwamba Tanzania imevunja haki zao, ikataka kanuni hizo zirekebishwe au zifutwe.

Hofu ya mahakama ya mwaka 2006 yastahili kupimwa, wala isidharauliwe. Ni kweli kwamba jaji mmoja hawezi kubadili mioyo ya watu kwa karatasi. Lakini hoja hiyo yasahau kwamba kanuni iliyokuwa ikipingwa haikuwa mila hai ya watu wa Shinyanga. Ilikuwa karatasi pia. Ilikuwa picha iliyopigwa miaka ya 1940 na 1950, ikakuzwa mwaka 1963, ikatundikwa ukutani. Mila yenyewe ilikuwa ikiendelea kutembea nje ya picha: katika nyumba ambamo baba huwagawia mabinti mashamba angali hai, na katika masoko kama Mwaloni, ambako mwanamke hununua mtumbwi kwa fedha yake mwenyewe na hakuna mzee amwulizaye ni wa ukoo upi. Mahakama ilipokataa kuigusa karatasi kwa heshima ya mila, iliyoheshimiwa hasa ilikuwa karatasi.

Mtu aweza kubisha: je, si afadhali kanuni mbovu ijulikanayo kuliko baraza lisilotabirika? Kanda ya Ziwa yenyewe yatoa sababu ya kuuliza hivyo. Mwaka 1982 wanakijiji wa Usukuma na Unyamwezi, waliochoshwa na wizi wa ng'ombe na uzembe wa dola, walianzisha Sungusungu, wakawakamata watu na kuwahukumu pasipo kitabu wala wakili. Wezi walipungua, lakini walikuwako pia waliopigwa na kufukuzwa vijijini kwa neno la jirani tu, wakiwemo vikongwe walioshukiwa uchawi. Mwaka 1989 Bunge liliyapa makundi hayo nafasi katika sheria. Baraza lisilo na maandishi wala rufani laweza kuwa na ukatili wake. Na bibi kizee wa Shinyanga aliyeshukiwa kwa macho yake mekundu hana budi kuitamani sheria iliyoandikwa.

Kwa hiyo kitabu hakina budi kuwapo. Neno lililobaki ni namna ya kukiandika. Wamarekani walijifunza kwa gharama kubwa kwamba maelezo ya sheria yasigeuke amri kabla hayajajaribiwa katika mashauri, na kwamba kitabu kipewe maelezo mapya kila kizazi, kama Tucker alivyomfanyia Blackstone. Nchi za Ziwa zinayo hazina ambayo Cory hakuwa nayo. Tangu mwaka 1964 Mahakama za Mwanzo zimeandika mashauri ya watu wa kawaida kwa Kiswahili: maneno ya wajane, wavuvi, wafugaji na wachuuzi, wake kwa waume, kama walivyoyasema mbele ya hakimu na washauri wake. Na tangu mwaka 2021 sheria imekifanya Kiswahili kuwa lugha ya mahakama zote. Jaji wa Mwanza aandikaye hukumu ya urithi aweza leo kuiandika kwa lugha ambayo mwenye shauri ataisoma mwenyewe.

Majalada hayo ya mashauri ndiyo yawezayo kueleza mila za leo ni zipi: si za kabila moja katika kitabu kimoja, bali za watu waliochanganyika kama wale wa Kirumba. Yanahitaji vijana wa vyuo vikuu wenye kujua sheria na lugha, watakaoyasoma, watakaoyalinganisha, na watakaochapisha waliyoyaona kwa Kiswahili, kabla ya mchwa na unyevu wa ziwa kuyamaliza. Kazi hiyo ikifanyika, hakimu atakayeletewa shauri la mjane wa Mwaloni atafungua kitabu ambamo, kwa mara ya kwanza, mwanamke wa namna yake naye ameulizwa.